Biringanya Inayochoma Kidole

Rehema, binti aliyepokea funguo za stoo nilipostaafu, alinipigia simu kuniuliza kwa nini biringanya zake zinasinyaa kabla hazijafika jikoni. Nikamweleza mpaka salio lake likaisha. Kesho yake akapiga tena, akaniomba niandike ili na wapishi wasome. Basi haya ni yenu nyie mlioko stoo na jikoni pale shuleni. Mambo ya vyeo siyaweki humu. Mtu wa stoo cheo chake ni funguo, na siku ya mwisho anazirudisha.

Mimi ni mtu wa Kasansa, nimekulia kwenye mpunga. Nilikuja Mpanda nikiwa mke kijana, nikimfuata mume wangu Kristofa aliyekuwa amesikia habari za dhahabu. Akaenda machimboni kutafuta, na kwa kweli alipata. Alipata mke mwingine na nyumba huko huko. Mimi na binti yetu Anjela tukabaki kwenye chumba cha kupanga mtaa wa Nsemulwa. Nilipoona harudi, nikaenda kuomba kazi kwenye ile shule ya bweni ya wasichana, nikapewa kumsaidia mtunza stoo.

Mtunza stoo alikuwa Mzee Nswima, mtu mrefu, mkavu, ambaye zamani aliwapikia mafundi wa reli. Siku yangu ya kwanza hakuniuliza nimesoma wapi. Alinielekeza kwenye tenga za biringanya, akasema, "Niletee moja nzuri."

Nikachagua kubwa kuliko zote. Aliipokea, akaipima mkononi, akanitazama.

"Umechagua kama mtu anayenunua ndoo," alisema.

Akaipasua. Ndani ilikuwa kama sifongo, na mbegu zilikuwa za kahawia, ngumu, zimejaa kila mahali. Akanikatia kipande, akaniambia niweke mdomoni. Uchungu wake ulinikaa kwenye ulimi mpaka mchana. Kisha akachukua nyingine ya ukubwa wa kati, nzito, akaipasua hiyo nayo. Nyama yake ilikuwa nyeupe na imeshikana, mbegu ndogo za rangi ya maziwa, huzioni vizuri mpaka uinamie.

"Kubwa imekaa shambani mpaka imezeeka," alisema. "Usidanganywe na mwili."

Wiki zile za kwanza nilijifunza kwa mikono. Mzee Nswima hakupenda maneno, kwa hiyo nawaandikia maneno ambayo yeye hakuyasema, lakini mambo ni yake.

Anza na uzito. Shika mbili za ukubwa mmoja, kila mkono moja. Iliyo nyepesi imeshaanza kukauka ndani, hata kama nje inapendeza. Halafu ibonyeze taratibu kwa dole gumba. Nzuri inabonyea kidogo na kurudi ilivyokuwa. Ikibaki na shimo la kidole chako, imepitwa na wakati. Ikiwa ngumu kabisa kama jiwe, ilichumwa kabla haijakomaa. Ngozi iwe imekaza na inang'aa, lakini mng'ao peke yake usiuamini. Nimewahi kuletewa mzigo na mfanyabiashara mmoja wa mjini, unang'aa kama viatu vya askari. Nikapitisha kidole, kikatoka na mafuta ya kupikia. Nikamwambia mafuta tunanunua kwa mzabuni mwingine.

Ukitaka ukweli, tazama kofia, yaani yale majani yanayoshika kikonyo. Kwa biringanya hizi za kwetu, ikiwa imechumwa karibuni kofia ni ya kijani, imebana, na ina vimiiba vinavyochoma kidole. Ikilala siku kadhaa vimiiba hulegea, kofia huwa ya kahawia na kujikunja pembeni. Hakuna mafuta yanayorudisha vile vimiiba. Mzee Nswima alikuwa akipitisha kidole kwenye kofia huku anatazama pembeni, anaongea na mleta mzigo habari za mvua, na akimaliza salamu ameshajua.

Kuhusu kuhifadhi, kosa ambalo Rehema alikuwa analifanya ndilo ambalo karibu wote hulifanya: friji. Biringanya haipendi joto, lakini baridi kali inaiumiza zaidi. Iweke kwenye friji siku chache, utaona vishimo vya kahawia kwenye ngozi, na ukipasua mbegu zimekuwa nyeusi. Inataka kivuli na hewa, basi. Itandaze kwenye tenga pana, tabaka moja au mawili, na nyasi kavu chini. Usiioshe mpaka siku ya kuipika. Usiitoe kofia. Usiifunge kwenye mfuko wa nailoni, inatoa jasho na kuoza. Usiilaze karibu na ndizi mbivu au nyanya, hizo zikiiva zinamzeesha na jirani yao. Mwezi wa kumi, Mpanda ikiwa kama tanuri, sisi tulitundika magunia yaliyolowa maji kwenye madirisha ya stoo, upepo ukipita unaingia umepoa. Magunia yasiguse mzigo. Na kila asubuhi, kabla ya chai, pitia tenga zote na utoe iliyoanza kulegea, hiyo ndiyo iende jikoni leo. Hata ukifanya yote haya, biringanya si kiazi. Ni mboga ya siku chache.

Wanafunzi, kwa taarifa yenu, waliichukia miaka yote. Msihangaike kuwabadilisha.

Mzee Nswima alinipa sheria moja tu. Siku hiyo mleta kabichi alikuwa ametukaribisha kwenye harusi ya mwanawe, nami nilikuwa nimeshaanza kufikiria nivae nini.

"Usiende," aliniambia. "Ukipokea mzigo wa mtu, usile kwake. Iko siku itabidi umrudishie, na ugali wake utakuwa bado uko tumboni mwako."

Alipostaafu akapanda treni kurudi kwao Tabora, na sikumwona tena. Funguo zikawa zangu, na ile sheria pia.

Niwaambie kitu ambacho hamtaambiwa siku ya kuajiriwa. Mtu wa stoo anajulikana na kila mtu na hana mtu. Wapishi wanakuona mchoyo, wahasibu wanakuona mwizi ambaye hajakamatwa, na waleta mizigo wanakuchekea mpaka siku utakaposema hapana. Sokoni wanawake walikuwa wakiniona kwa mbali wananyamaza. Jumapili baada ya misa watu walisimama makundi makundi, nami nikapita kwa salamu. Anjela alipoolewa akaenda Mwanza, nilibaki na redio. Sikulalamika. Nilidhani ndivyo kazi ilivyo.

Kati ya waleta mizigo alikuwepo Tito, mkulima wa milimani Mwese. Biringanya zake zilikuwa nzuri kuliko za wote, labda kwa sababu ya ubaridi wa kule juu. Alikuja na pikipiki kila wiki, mzigo kwenye magunia. Hakuwa msemaji. Alisimama upande wa nje wa mlango wa stoo, mimi upande wa ndani, mizani katikati.

"Habari za Mwese, kaka?"

"Nzuri, dada. Njia ndiyo mbaya."

Hayo ndiyo yaliyokuwa mazungumzo yetu.

Mwaka mmoja mvua zilikata barabara ya milimani. Soko la mjini lilikuwa tupu, wasichana walikula maharage mpaka yakawatoka masikioni. Asubuhi moja Tito akatokea getini anasukuma pikipiki, tope mpaka kiunoni. Alikuwa ameisukuma sehemu kubwa ya njia na kulala kwa watu. Wapishi walitoka wakapiga vigelegele. Kisha nikafungua magunia.

Kamba zilikuwa zimeng'ata mzigo. Zilizokuwa chini zilipondeka, zilizokuwa pembeni zilikuwa na mabaka meusi, laini, yenye maji. Nikakaa chini nikachambua mafungu: nzima za kuweka, zilizochubuka za kupikwa mchana ule ule baada ya kukata palipoumia, na zilizoharibika. Fungu la zilizoharibika lilikuwa kubwa kuliko mengine. Tito alisimama akiangalia fungu lile likikua. Mhasibu wetu, kijana mwenye haraka, alisogea na kusema kwa sauti kwamba mleta mzigo wa namna hii ni wa kuondolewa, na kwamba kuna mtu mjini ana gari anasubiri nafasi.

Nikamwomba aje ashike kofia za zile zilizoharibika. Akashika, akarudisha kidole haraka.

"Zinachoma," alisema.

"Basi zilichumwa vizuri," nikamwambia. "Zimeuawa na kamba na gunia, na gunia ni letu, ndilo tunalompa. Mpe nafasi alete mzigo mwingine akiwa na tenga."

Mhasibu alifikiri, akakubali. Tito akalibeba lile fungu kubwa. Alipokwisha kumwaga zile mbovu kwenye shimo la taka, alirudi mlangoni, nikamwonyesha: achume asubuhi umande ukishakauka, akate kikonyo kwa kisu badala ya kunyonga, atandike majani makavu chini ya tenga, azilaze kwa ubavu, kofia zisichome ngozi za wenzao, na kila tabaka lipate majani yake. Nilirudia mara mbili. Alikuwa anatazama mikono yangu, siyo uso.

"Nimeelewa, dada," alisema.

Wiki iliyofuata alileta tenga zilizofungwa vizuri mpaka nikawaita wapishi waje kuona. Akaja pia na kuku, amemfunga miguu kwenye usukani. Nikamwambia siwezi kumpokea. Hakubisha. Akawasha pikipiki akaondoka na kuku wake, kuku akinitazama mpaka walipokata kona.

Tangu hapo, kwa miaka mingi, nilikuwa nikifungua tenga za Tito polepole. Majani yalipangwa kwa umakini ambao sikuuona kwingine. Katikati ya tabaka la juu mara nyingine nilikuta biringanya moja ndogo sana, nzuri mno, imewekwa juu peke yake kama vile mtu anasalimia. Sikumuuliza. Nilikuwa naichukua nyumbani, naiweka dirishani, naipika siku ya pili. Nilijiona kama niliyepata rafiki ambaye sheria ya Mzee Nswima haikumkataza.

Wiki moja tenga zilikuja zimepangwa ovyo. Majani yote chini, biringanya zimetupwa juu yake.

"Kaka, leo umefunga mwenyewe kwa haraka?" nikamuuliza, nusu kwa utani.

Tito akavua kofia yake.

"Nimefunga mwenyewe, ndiyo. Mke wangu ndiye aliyekuwa anafunga. Tulimzika Jumamosi."

Nilisimama na biringanya moja mkononi. Nikasema pole, naye akasema tumeshapoa. Nikapima mzigo, nikampokelea wote. Akaondoka. Niliingia ndani ya stoo nikafunga mlango, nikakaa juu ya gunia la mchele. Kumbe miaka yote ile ni mwanamke ambaye sijawahi kumwona ndiye aliyekuwa ananiwekea zile ndogo, na mimi sikujua hata jina lake. Siku ile ndiyo niliyolia kazini. Sikulia mume wangu alipoondoka, na msinielewe vibaya, mume nilimpenda.

Tito alijifunza kufunga. Ilimchukua muda, tenga zikarudi kuwa nzuri, ingawa zile ndogo za juu hazikuwepo tena. Baadaye mguu wake ukaanza kumsumbua, akawa anatuma mzigo kwa bodaboda, nami nikawa sisikii hata lile neno lake la njia mbaya.

Kisha nikastaafu. Shule ilinifanyia chakula, nikapewa vitenge na beseni, hotuba zikasemwa. Nikarudi Nsemulwa. Asubuhi ya kwanza niliamka na kuvaa, nikafika mlangoni ndipo nikakumbuka hakuna ninakokwenda.

Mtu aliyezoea kupikisha chakula cha shule nzima hajui kununua cha mtu mmoja. Nilikwenda sokoni nikasimama mbele ya meza ya biringanya, nikashika moja, nikaipima mkononi. Mama muuzaji akaguna.

"Mama Stoo, hapa si shuleni. Chukua tu."

Nikachukua. Nusu nilipika, nusu ikawa nyeusi kwenye sahani kufikia kesho yake. Kwa hilo nina ushauri: ukikata na kubakiza, hata ukiilowesha kwenye maji ya chumvi, haitakaa. Pika yote, ule mara mbili. Ndivyo ninavyofanya sasa. Anjela hupiga simu watoto wakimruhusu, tunaongea wakilia nyuma yake, tunaagana. Majirani zangu ni wapangaji vijana, wanaamka na kuondoka, wananisalimia shikamoo wakiwa tayari wamenipita.

Siku moja niliamua kwenda Mwese. Sikuwa tena mtu wa kupokea mzigo wa yeyote, kwa hiyo hakuna aliyenikataza kula popote. Nikapanda bodaboda, na kwenye milima nikashuka mara kadhaa kutembea, maana njia kweli ni mbaya. Kwa miaka yote nilikuwa nalichukulia lile neno kama salamu tu.

Tito alikuwa amekaa kwenye kiti mbele ya nyumba, mguu ameunyoosha juu ya kigoda. Alinitambua mara moja. Akataka kusimama, nikamzuia.

"Mama Stoo," alisema. "Umekuja mwenyewe kunirudishia mzigo?"

Tulicheka. Mkwe wake, mke wa mwanawe mdogo, alituletea ugali na biringanya iliyopikwa na karanga. Nilikula kwa Tito kwa mara ya kwanza. Tukaongea habari za mvua, za barabara, za bei ya mbolea. Kisha maneno yakaisha. Tulikuwa hatujawahi kuongea kupita muda wa kupima mzigo, na hatukujua mtu anaendeleaje baada ya hapo. Tukatazama vilima. Mkwe alikuja kuondoa vyombo, akatuangalia, akaondoka.

Mwishowe nikauliza, "Mkeo aliitwa nani?"

"Skola," alisema. "Skolastika, lakini mimi nilimwita Skola."

"Alikuwa ananiwekea biringanya ndogo juu ya tenga."

"Najua. Aliniambia, 'Yule dada wa stoo amekuokolea kazi, na hataki hata kuku. Sasa nitamshukuruje?'" Akausogeza mguu kwenye kigoda. "Alitaka kukuona. Nikamwambia huyo hatoki mlangoni."

Ilikuwa kweli.

Akaniambia kwamba mwanawe mkubwa anakuja kumchukua, waende Sumbawanga karibu na hospitali, kwa ajili ya mguu. Shamba angemwachia mdogo, ambaye anapenda zaidi mahindi. Aliniomba nimsaidie kuchuma biringanya zilizobaki. Alikaa kwenye kiti mwisho wa tuta, mimi nikapita mistarini na kisu, nikiuliza hii je, na hii je, yeye akijibu kwa mkono. Jua lilipoanza kushuka, bodaboda akapiga honi. Tito alinipa mkono kwa mikono miwili. Nikaondoka na tenga mapajani.

Biringanya zile nilizigawa kwa wapangaji wenzangu, kila mlango nikibisha. Wengine walishangaa. Msichana mmoja aliniuliza inapikwaje, nikakaa naye jikoni kwake mpaka ikaiva, ndiyo siku pekee mwezi ule niliyoketi kwenye nyumba ya mtu.

Tito yuko Sumbawanga sasa. Mguu haukupona, anakaa kwenye kiti cha magurudumu. Hunipigia jioni, mwanawe akimwekea dakika. Hatujawa wasemaji. Jana aliniambia amepelekwa sokoni na wajukuu, akaona biringanya zimelala, kofia zimekunjamana.

"Ulizigusa?" nikamuuliza.

"Meza iko juu. Mkono haufiki."

"Mwambie muuzaji akupe mkononi. Ni haki yako."

"Nitamwambia." Akakohoa. "Na wewe umeshakula?"

"Bado. Chakula kiko motoni."

"Unakula na nani?"

Nikamwambia kuna watu wengi hapa nyumbani, wapangaji. Nikasikia magurudumu ya kiti chake yakisogea.

"Oresta," alisema. Hakuwahi kuniita jina langu, na sikujua kama analijua. "Weka simu mezani, upakue. Mimi sikati."

Nikamwambia dakika zake zitaisha bure.

"Ni zangu," alisema. "Pakua."

Nikaiegemeza simu kwenye jagi la maji. Nikaipua sufuria, nikapakua, nikakaa. Upande wa pili nilisikia kijiko kikigonga sahani, naye alikuwa anakula.